Una oda ya koti na mwenzako anaikanyaga: jinsi ya kuleta ombi la kudharau mahakama hapa Kenya

Oda umeipata, muhuri wa koti uko juu yake, na bado yule jamaa anaendelea kuchimba msingi kwenye shamba kana kwamba jaji hakusema kitu. Inauma sana. Nimeona watu wakifika hapo wanafanya moja kati ya mambo mawili, kuna wanaoenda kubomoa wenyewe na kupigana halafu wao ndio wanalala seli, na kuna wanaokata tamaa kabisa wakisema koti za Kenya ni za wenye pesa. Kabla ufanye lolote kati ya hayo soma hii mpaka mwisho. Njia ya kisheria ya kumwadhibu mtu anayekaidi oda ipo na inafanya kazi, ila maombi mengi yanatupwa nje na si kwa sababu jamaa hakukaidi, ni kwa sababu aliyeleta ombi hakuwa na kitu cha kuonyesha kwamba oda ilimfikia yule mtu, ama oda yenyewe haikusema wazi nini hakifai kufanywa. Ombi la dharau linashindwa au kushinda kabla halijafika kotini, ndio maana hapa chini hatua za mwanzo zimekuwa ndefu kuliko za mwisho.

Naongea juu ya kesi za madai hapa Kenya, mambo ya shamba, nyumba, kazi, watoto, na pia pale mkaidi ni ofisi ya serikali.

Kwanza sheria yenyewe, kwa sababu hapa watu wanajichanganya

Kulikuwa na sheria maalum, Sheria ya Kudharau Mahakama ya 2016, namba 46. Usiitumie. Novemba 2018 Jaji Chacha Mwita wa Mahakama Kuu aliifuta yote, kesi ililetwa na Kenya Human Rights Commission dhidi ya Mwanasheria Mkuu, na moja ya sababu ni kwamba wananchi hawakushirikishwa vizuri wakati inatungwa. Lakini mpaka leo utaona mtu amekopi ombi la zamani kutoka kwa mtandao, ameweka vifungu vya hiyo sheria iliyokufa, na upande wa pili unaanzia hapo hapo kumchapa.

Tumerudi kwa kifungu cha 5 cha Sheria ya Judicature, sura ya 8, kinachoipa Mahakama Kuu na Mahakama ya Rufaa nguvu sawa na ile ya Mahakama Kuu ya Uingereza kwenye mambo ya dharau. Kwa hivyo utaratibu tunaazima kwa sehemu ya 81 ya kanuni zao za kesi za madai, na hiyo sehemu waliiandika upya 2020, kwa hivyo hakikisha wakili wako anasoma mpya. Zamani ilibidi uombe ruhusa kwanza ndio ulete ombi. Mahakama ya Rufaa ilisema kwenye kesi ya Christine Wangari Gachege ya 2014 kwamba kama unalalamika kuhusu kuvunjwa kwa hukumu, oda au ahadi iliyotolewa mbele ya koti, ruhusa haihitajiki tena, unaingia moja kwa moja.

Kama oda yako ni ya zuio, yaani ya kumkataza mtu kufanya kitu, kuna pia kifungu cha 63 cha Sheria ya Utaratibu wa Kesi za Madai na Amri ya 40 kanuni ya 3 ya kanuni za hiyo sheria, hapo koti inaweza kukamata mali ya mkaidi na kumfunga mpaka miezi 6. Kwa mashamba kuna kifungu cha 29 cha Sheria ya Mahakama ya Mazingira na Ardhi, faini isiyozidi milioni 20 au jela isiyozidi miaka 2 ama vyote viwili. Mahakimu nao wana kifungu cha 10 cha Sheria ya Mahakama za Mahakimu ya 2015, kwa hivyo kama oda yako ilitoka kwa hakimu usidanganywe kwamba lazima uende Mahakama Kuu. Ombi unalipeleka koti ile ile iliyotoa oda, kwenye faili ile ile.

Hatua ya 1: Jiulize kama kweli hii ni dharau

Kama koti ilisema fulani akulipe laki 3 na hajalipa, hiyo kwa kawaida si kesi ya dharau. Ni deni, na deni lina njia zake za kukaza hukumu, kuna dalali kukamata mali, kuna kukamata pesa zake benki, kuna kumwita aje aeleze kwa nini asifungwe jela ya madeni. Ukileta dharau kwa hukumu ya pesa utaambiwa umepotea njia na utalipa gharama. Matunzo ya mtoto nayo Sheria ya Watoto ya 2022 ina njia zake za kudai, anza na hizo.

Dharau ni pale mtu aliambiwa afanye kitu fulani au asifanye, akaenda kinyume. Usijenge, usiuze, mfungulie mpangaji mlango, mrudishe mtoto Jumapili jioni, toa stakabadhi.

Angalia pia kama kuna oda nyingine iliyosimamisha yako. Mtu anaweza kuwa amekata rufaa na kupata oda ya kusimamisha utekelezaji, na hapo huna dharau. Ila rufaa peke yake haisimamishi kitu. Watu wanatembea na karatasi ya rufaa wakisema "nimeapili, oda yako haina nguvu" na hiyo si kweli, Amri ya 42 kanuni ya 6 iko wazi, mpaka koti iseme imesimamishwa inabaki kufuatwa. Na hata kama mtu anaona oda ilitolewa vibaya, njia yake ni kurudi kotini iondolewe. Anaitii kwanza mpaka iondolewe.

Hatua ya 2: Isome oda yako neno kwa neno

Hapa chukua muda. Majaji wa Kenya wanaangalia vitu 4, na Jaji Mativo aliviweka vizuri kwenye kesi ya Samuel Mweru dhidi ya Tume ya Ardhi ya 2020: oda iwe wazi na imfunge huyo mtu, awe aliijua, awe alifanya kinyume, na awe alifanya kwa makusudi. Na uzito wa ushahidi si ule mdogo wa kesi za kawaida za madai. Tangu kesi ya Mutitika dhidi ya Baharini Farm ya 1985 koti zinasema lazima uthibitishe kupita kiwango cha kawaida, karibu ifike kile cha kesi za jinai ingawa haifiki kabisa, kwa sababu hapa mtu anaweza kupoteza uhuru wake.

Sasa linganisha oda mbili. Ya kwanza inasema "hali ibaki kama ilivyo". Ya pili inasema "mshtakiwa, watumishi wake na mawakala wake wanazuiwa kujenga, kuchimba, kuuza au kuweka ua kwenye kiwanja namba fulani mpaka kesi isikizwe". Ya pili unaweza kumfunga mtu nayo. Ya kwanza ni shida tupu, kwa sababu kila mtu ana hali yake anayoisema ndiyo ilivyokuwa, wewe unasema siku ile hakukuwa na ukuta, yeye anasema ukuta ulishafika kwa madirisha na alikuwa anamalizia tu, na jaji akiona kuna njia mbili za kuisoma oda, shaka inaenda kwa mshtakiwa. Kama umepewa oda ya aina hiyo, usingoje ivunjwe. Siku hiyo hiyo mwambie wakili wako aombe jaji aandike hali ilivyo ni ipi, nani yuko ndani ya shamba, nini kimejengwa, kimefika wapi. Ni dakika chache mbele ya jaji na zinakuokoa mwaka mzima wa kubishana.

Angalia pia kama oda bado iko hai. Zuio lililotolewa bila upande wa pili kusikizwa linadumu siku 14 tu kwa mara moja, na lazima ulipeleke kwa mhusika pamoja na ombi na karatasi za kesi ndani ya siku 3 tangu litolewe, usipofanya hivyo linakufa lenyewe bila mtu yeyote kuomba lifutwe. Hii iko Amri ya 40 kanuni ya 4 na imeangusha watu wengi, mtu anapata oda Jumatatu anafurahi anaiweka kwa kabati anangoja aone kama jirani atathubutu, Ijumaa jirani anajenga na oda ilishakufa. Zuio la kungoja kesi nalo linaisha baada ya miezi 12 kama kesi haijaamuliwa, isipokuwa koti iongeze kwa sababu za kutosha. Kama yako inakaribia mwaka rudi uombe iongezwe mapema.

Hatua ya 3: Itoe oda rasmi na uweke onyo la adhabu

Jaji kusoma uamuzi kwenye skrini si oda mkononi. Uamuzi unaweza kuwa kurasa 15 za maelezo. Unataka ile karatasi fupi inayotolewa na rejista, yenye namba ya kesi, tarehe, maagizo yamepangwa moja moja, saini na muhuri. Karani wa wakili wako anaiandaa na kuiweka kwenye mfumo wa mtandaoni wa Judiciary, ambao tangu Machi 2024 uko nchi nzima, halafu unaifuatilia. Na kweli inabidi uifuatilie, piga simu, enda rejista, usikae nyumbani ukidhani itajileta.

Mbele ya oda, mahali panapoonekana, liwekwe onyo la adhabu. Maneno yake ni kama haya: "Wewe uliyetajwa hapa usipotii oda hii unaweza kupatikana na hatia ya kudharau mahakama, ukafungwa jela, ukatozwa faini au mali yako ikakamatwa." Koti zingine zimesamehe likikosekana pale ambapo ni wazi mtu alijua, lakini usiweke bahati yako hapo.

Karatasi za Mahakama Kuu ni Kiingereza, hiyo ndio lugha yake kwa sheria. Kama unayempelekea ni mzee asiyejua Kiingereza, ambatanisha tafsiri ya Kiswahili na anayeipeleka amsomee. Hakuna anayekulazimisha, lakini siku ya kusikizwa akija kusema hakuelewa karatasi ya Kizungu, utakuwa umeshalifunga hilo pengo.

Hatua ya 4: Hakikisha imemfikia, na uweze kuonyesha

Usiipeleke mwenyewe. Wewe ni adui yake kwenye hii kesi, atasema hukufika na itakuwa neno lako dhidi ya lake. Tumia mpelekaji samansi mwenye leseni ya koti, na mwambie unataka afidaviti, yaani taarifa ya kiapo ya maandishi, yenye maelezo.

Chukua mfano wa mama mjane kule Kilifi ambaye shemeji yake anataka kuuza shamba la marehemu, na koti imemzuia. Mpelekaji anafika, mzee amekaa barazani.

"Shikamoo mzee. Nimetumwa na koti ya Malindi, nina karatasi yako kuhusu lile shamba."

"Marahaba. Mimi sichukui karatasi ya mtu. Mwambie shemeji yangu aje mwenyewe."

"Sawa mzee, siwezi kukulazimisha. Lakini inasema usiuze wala usimpimie mtu mpaka kesi isikizwe, na ukikaidi unaweza kufungwa. Naiacha hapa kwa meza."

Hapo ameshapata. Kukataa kusaini hakufuti kitu. Lakini afidaviti ikiandikwa "nilimpelekea mshtakiwa akakataa kusaini" basi, ni dhaifu. Inatakiwa iandikwe hivi, kwamba siku fulani saa nne na nusu asubuhi nilifika nyumbani kwa mshtakiwa kijiji fulani, nikaonyeshwa nyumba na mjane ambaye alibaki barabarani, nikamkuta mshtakiwa amekaa barazani na kijana mmoja, nikamweleza mimi ni nani, nikamwambia oda inasema nini kwa Kiswahili, akajibu hachukui karatasi, nikaiacha juu ya meza mbele yake, akakataa kusaini nakala yangu nayoirudisha kotini. Mtu aliyeandika hivyo akiitwa kuhojiwa ataeleza mpaka rangi ya ile meza, na aliyeandika mistari miwili atababaika.

Kuna njia zingine. Tangu marekebisho ya kanuni ya 2020 unaweza kupeleka kwa imeili na kwa programu za meseji kama WhatsApp, na ushahidi ni skrinshoti inayoonyesha namba, tarehe na kwamba ilifika. Hakikisha ni namba anayotumia yeye kweli, kwa mfano ile aliyoandika kwenye karatasi zake za kesi. Kama anajificha kabisa, rudi uombe koti ruhusa ya kumpelekea kwa njia nyingine, kubandika mlangoni au kutangaza gazetini.

Na je, kama hukumpelekea mkononi lakini unajua alijua? Koti zetu zimelegeza hapo. Jaji Lenaola kwenye kesi ya Basil Criticos ya 2012 alisema kujua kunatosha kuliko kupelekewa mkononi, na Mahakama ya Rufaa kwenye Shimmers Plaza dhidi ya National Bank ya 2015 ikasema wakili akiwa kotini wakati oda inatolewa, inachukuliwa mteja wake anajua. Kwa hivyo kama wakili wake alikuwepo, chukua rekodi ya koti ya siku hiyo uiambatanishe. Lakini hiyo iwe nyongeza, mpelekaji bado amtume.

Hatua ya 5: Kusanya ushahidi wa ukaidi

Siku ile ile oda inapelekwa piga picha za mahali penyewe. Hii watu hawaikumbuki. Wanapiga picha ya nyumba ikishawekwa mabati, halafu jamaa anasema mabati yalikuwepo kabla ya oda, na huna picha ya kabla. Ukiwa na picha ya Jumanne ukuta uko kwa madirisha na hakuna mbao juu, na picha ya Jumanne inayofuata umesimama pale pale na paa liko, hana la kusema. Simama mahali pamoja, onyesha kitu kisichohama kwenye picha zote, mwembe, nguzo ya stima, kona ya nyumba ya jirani.

Picha na video za simu zinahitaji cheti cha kifungu cha 106B cha Sheria ya Ushahidi. Ni karatasi fupi inayosema picha zilipigwa na simu gani, na nani, lini, simu ilikuwa inafanya kazi vizuri, zikatolewa kwa printa gani, na aliyezipiga anaisaini. Aliyepiga, sio wakili. Bila hiyo picha zako nzuri zinaweza kuwekwa kando zote. Usifute ile picha ya kwanza kwenye simu, na simu yenyewe usiiuze mpaka kesi iishe.

Kama ni mambo ya uuzaji wa shamba, enda utafute hati ya upekuzi mpya kwa ofisi ya ardhi inayoonyesha tarehe ya uhamisho. Kama ni mtoto hakurudishwa, weka meseji zote na uandike kila wikendi ilivyokuwa. Kama ni mwajiri alikataa kukurudisha kazini, enda getini na oda yako mkononi na shahidi, omba kuingia, na uandike bawabu alisema nini. Tafuta mtu mwingine aliyeona na ambaye hana faida kwenye kesi, mzee wa kijiji au jirani wa upande wa pili, aape afidaviti yake mwenyewe.

Na jameni usiingie kubomoa. Ukishika nyundo wewe ndiye unaulizwa maswali.

Hatua ya 6: Barua moja ya mwisho

Wakili wako amwandikie yeye na wakili wake, barua fupi, oda ni hii, ulipelekewa siku hii, umefanya hiki na hiki, acha na urudishe ndani ya siku 7 au tunaenda kotini. Si lazima kisheria lakini inakupa kile kitu cha 4 cha Hatua ya 2, makusudi. Mtu aliyepata barua na akaendelea hawezi kusema ilikuwa bahati mbaya. Na ukweli ni kwamba wengine wanaacha hapo, hasa wakili wao akiwaambia faraghani kwamba hii inaweza kuwafunga.

Hatua ya 7: Andika ombi

Ni hati ya maombi kwenye kesi ile ile, na afidaviti yako nyuma yake. Kama kuna hatari kitu kitaharibika kabla ya tarehe, weka cheti cha dharura.

Taja mtu. Hili ni muhimu kupita yote kwenye kuandika. Kampuni haiingii seli, kwa hivyo kama mkaidi ni kampuni taja mkurugenzi kwa jina, mpelekee oda yeye mwenyewe, na eleza yeye alifanya nini au aliacha kufanya nini. Usiorodheshe wakurugenzi wote kwa hasira, taja yule ambaye una kitu juu yake. Mtu ambaye si upande wa kesi, kwa mfano fundi au mnunuzi, naye anaweza kuwajibika kama alijua oda na akasaidia kuivunja, lakini hapo unahitaji ushahidi mzuri zaidi kwamba alijua.

Kwenye afidaviti andika kila ukaidi na siku yake. Si "mshtakiwa ameendelea kukaidi", bali siku hii aliweka nguzo, siku hii alileta lori la mchanga, picha namba fulani. Aliyeshtakiwa ana haki ya kujua anashtakiwa kwa nini hasa, na ombi la kujumlisha linaangukia hapo.

Unachoomba: apatikane na hatia, aadhibiwe kwa jela au faini, na lile ambalo kwa kweli ndilo unalolitaka, aondoe alichojenga au arudishe hali. Watu wanasahau hili la mwisho, wamejaa hasira wanataka tu jamaa afungwe, anafungwa mwezi anatoka na nyumba bado iko kwa shamba lako. Ukiweza omba pia OCS, mkuu wa kituo cha polisi cha eneo, asaidie kulinda oda, lakini iandikwe ni OCS wa kituo gani na asaidie kufanya nini.

Hatua ya 8: Kusikizwa na kinachofuata

Ombi lenyewe nalo linapelekwa kwa yeye mwenyewe, sio kwa wakili wake tu, kwa sababu uhuru wake uko hatarini. Atapewa nafasi ya kujibu. Mara nyingi inaamuliwa kwa karatasi na hoja za maandishi, ila mkipingana sana juu ya kama oda ilifika, mpelekaji wako anaweza kuitwa kuhojiwa, na hapo ndio utashukuru ile afidaviti ndefu.

Akipatikana na hatia huwa hafungwi papo hapo. Anapangiwa siku ya kuja kujitetea juu ya adhabu, na wengi hapo ndio wanatii. Asipokuja hati ya kukamatwa inatolewa. Jaji anapenda zaidi oda ifuatwe kuliko kujaza jela, na hilo tuliliona Septemba 2024, Jaji Lawrence Mugambi alimhukumu kaimu Inspekta Jenerali wa polisi Gilbert Masengeli miezi 6 kwa kukataa kuja kotini mara 7 kwenye kesi ya watu waliotekwa Kitengela, akaisimamisha adhabu kwa siku 7, Masengeli akaja ndani ya hizo siku akaomba radhi na adhabu ikaondolewa. Watu walilalamika ameachiliwa, lakini mimi naona koti ilipata ilichotaka, alisimama pale. Machi 2018 kwenye mambo ya wakili Miguna Miguna aliyefukuzwa nchini, Jaji Odunga aliwatoza waziri Matiang'i, Inspekta Jenerali Boinnet na mkurugenzi wa uhamiaji Kihalangwa shilingi laki 2 kila mmoja, zikatwe kwa mshahara wao. Novemba 2021 mkurugenzi wa DCI, idara ya upelelezi wa jinai, George Kinoti alipewa miezi 4 na Jaji Mrima kwa kutorudisha bunduki za mfanyabiashara Jimi Wanjigi. Kwa hivyo cheo hakikuzuii kuhukumiwa, ingawa kati ya hukumu na mlango wa jela mwenye cheo ana ngazi nyingi za kukimbilia, na wewe jipange kwa hilo.

Kama mkaidi ni serikali au kaunti

Serikali ikikataa kukulipa huwezi kukamata gari lake, kifungu cha 21 cha Sheria ya Mashauri ya Serikali kinakataza. Njia ni ndefu: unapata hukumu, unaomba rejista cheti cha oda dhidi ya serikali, unakipeleka kwa Mwanasheria Mkuu au wakili wa kaunti na kwa afisa mhasibu, yaani yule anayesimamia pesa za hiyo ofisi, wakikaa kimya unaenda Mahakama Kuu kuomba oda ya kumlazimisha huyo afisa alipe, na akikaidi hiyo oda ndio sasa unamleta kwa dharau yeye kama mtu. Hapa ndio pesa inageuka kuwa mambo ya dharau. Ukiruka ngazi moja utarudishwa mwanzo. Na maofisa wanahamishwa, kwa hivyo kila ukirudi kotini hakikisha jina ni la aliye kwenye kiti sasa, na kwamba yeye mwenyewe alipelekewa oda, sio aliyekuwepo kabla yake.

Kama wewe ndiye umeletewa ombi la dharau

Acha kwanza hicho unachofanya, leo, hata kama unaona oda ni ya uonevu. Halafu tafuta wakili. Kama ulivunja, rekebisha kinachoweza kurekebishwa kabla ya tarehe, piga picha umerekebisha, uape afidaviti ukieleza na kuomba radhi, na radhi iwe ya kweli maana jaji ameona za uongo nyingi. Kama hukuvunja, jibu kila tarehe waliyotaja moja moja, usiseme tu "nakana yote". Kama oda haikukufikia sema ulikuwa wapi siku hiyo na uonyeshe. Kama kutii kulikushinda kwa sababu isiyo yako, kwa mfano hati iko kwa mtu mwingine, leta barua ulizomwandikia ukiitafuta. Na siku ya koti fika. Kama ni kwa video, ingia mapema na jina lako halisi liwe kwenye skrini, na ukiwa mgonjwa tuma karatasi ya hospitali kupitia wakili kabla ya saa ya kuitwa, sio kesho yake.